Suluhu ya Familia Isiyokazwa ni Karatasi Tupu

Katiba ya Uganda iliyotangazwa tarehe 8 Oktoba 1995 inaziagiza mahakama zetu, katika ibara ya 126, kuhimiza upatanishi baina ya wanaoshitakiana. Agizo hilo limepokewa kwa moyo mkunjufu, na hasa katika mashauri ya nyumbani. Wazee wa ukoo wanapatanisha, wenyeviti wa LC wanapatanisha, mapadre na masheikh wanapatanisha, maafisa wa ustawi wa jamii wanapatanisha, kitengo cha polisi cha kulinda watoto na familia kinapatanisha, na mahakama zenyewe zinapatanisha. Ni dhahiri, basi, kwamba nchi yetu haina upungufu wa wapatanishi. Upungufu wetu uko mahali pengine: ni nani atakayehakikisha kwamba yaliyopatanwa yametendwa?

Swali hilo si la wanasheria peke yao. Mwandishi wa makala haya ni askari, na sehemu ya kazi yake ni kuwapokea raia wenye shida zinazolihusu jeshi. Miongoni mwa wanaofika mara kwa mara ni akina mama waliobeba hati za makubaliano. Mmoja wao alifungua mfuko wa nailoni akatoa karatasi iliyochakaa kwa kukunjwa na kukunjuliwa. Ilikuwa ni suluhu kati yake na baba wa watoto wake, askari, ambaye walikuwa wameachana. Karatasi ile ilikuwa na mihuri mitatu: wa mwenyekiti wa LC 1, wa kituo cha polisi, na wa kambi moja ya jeshi. Iliandikwa kwamba baba atatoa msaada wa kutosha kwa watoto 3 kila itakapowezekana, na kwamba mama ataendelea kukaa katika nyumba mpaka mambo yatakapotengemaa. Baba alitoa msaada kwa miezi 4. Kisha alihamishwa kikosi, na msaada ukakatika. Halafu jamaa zake wakaja kumtaka mama aihame nyumba. Mama yule aliniuliza swali ambalo sikuweza kulijibu kwa sentensi moja: "Afande, mihuri mitatu haitoshi? Wa nne nikautafute wapi?"

Makala haya ni jaribio la kumjibu mama huyo, na wengine wengi walio katika hali yake.

MAPATANO NA HUKUMU

Yafaa kwanza tutenganishe mambo mawili ambayo watu wengi huyachanganya. Mapatano yaliyoandikwa na kutiwa sahihi nje ya mahakama ni ahadi. Wahenga walisema ahadi ni deni, na sheria inakubaliana nao. Lakini deni halijilipi lenyewe. Mwenye kudai ahadi ya namna hiyo hana budi kufungua shauri, kuleta mashahidi, na kuithibitisha ahadi yenyewe kabla mahakama haijamwamuru mwenzake kuitimiza. Maana yake ni kwamba mtu aliyepatana ili aepuke kesi hujikuta anaanza kesi upya, tena akiwa amekwisha kupoteza muda na fedha.

Mapatano yaliyopelekwa mbele ya mahakama ni jambo jingine kabisa. Kanuni zetu za mashauri ya madai zinaeleza kwamba pale wenye shauri wanapoelewana kwa njia halali, mahakama itayaandika makubaliano yao katika kumbukumbu zake na kutoa hukumu inayolingana nayo. Hiyo ndiyo inayoitwa hukumu ya makubaliano. Nguvu yake ni sawa na nguvu ya hukumu iliyotolewa baada ya kesi kusikilizwa mwaka mzima. Asiyeitii hadaiwi tena kwa kesi mpya. Aliyeshinda huomba hukumu ikazwe, yaani itekelezwe kwa nguvu ya dola, iwe ni kwa kukamata mali, kwa kukata sehemu ya mapato, au kwa dalali wa mahakama kukabidhi kilichoamriwa kukabidhiwa.

Njia hiyo imepanuliwa hatua kwa hatua. Mwaka 2003 upatanishi wa lazima ulianza kwa majaribio katika Mahakama ya Biashara mjini Kampala. Mwaka 2013 zikatolewa Kanuni za Upatanishi zinazoihusu Mahakama Kuu na mahakama zote zilizo chini yake, na hivyo mashauri ya familia nayo yakaingia. Wenye shauri wakielewana mbele ya mpatanishi, makubaliano yao huwekwa sahihi na kupelekwa kwa mahakama ili yapate nguvu ya hukumu. Kwa mujibu wa utaratibu huo, muhuri wa nne aliouulizia yule mama upo. Ni muhuri wa mahakama. Tatizo ni kwamba waliomgongea mihuri mitatu ya kwanza hawakumweleza kwamba safari yake ilikuwa bado haijafika.

MUHURI WA MWENYEKITI

Hapana budi kusema jambo moja juu ya muhuri wa LC, maana ndio unaotumainiwa zaidi vijijini. Tangu mwaka 1988, ilipotungwa sheria ya kuzipa mamlaka ya kuamua mashauri zile zilizoitwa Halmashauri za Upinzani, wananchi wamezoea kupeleka ugomvi wao kwa viongozi wa mtaa. Sheria ya Mahakama za Halmashauri za Mitaa ya mwaka 2006 iliendeleza utaratibu huo, ikazipa mahakama hizo uwezo wa kusikiliza baadhi ya migogoro ya kimila, kama vile ugomvi juu ya nani mrithi wa kimila. Huo ni utaratibu mwema, maana haki iliyo mbali na mlango wa mwananchi ni haki ya wenye nauli.

Lakini mwenyekiti anapowakalisha mume na mke chini ya mwembe, akaandika walichosema na kugonga muhuri wake, kwa kawaida hakuwa amekaa kama mahakama. Amekaa kama jirani mwenye busara na shahidi mwenye muhuri. Isitoshe, mwaka 2007 Mahakama ya Katiba iliamua kwamba halmashauri za vijiji na parokia zilizokuwapo hazikuwa zimeundwa kwa kufuata Katiba baada ya nchi kuingia katika mfumo wa vyama vingi, na uchaguzi mpya haukufanyika mpaka Julai 2018. Kwa miaka 11 hivi, basi, mihuri iligongwa na watu ambao mamlaka yao ya kuhukumu yangeweza kupingwa na wakili yeyote. Hati ya miaka hiyo bado inaweza kuwa ushahidi mzuri kwamba watu wawili walipatana. Anayeishika asidhani kwamba ameshika hukumu.

Haisemwi hivyo kwa kuwadharau wenyeviti. La hasha. Kinachotakiwa ni mwenyekiti kujua mpaka wa muhuri wake, ili amalizapo kupatanisha awaambie wenye shauri: "Sasa ipelekeni karatasi hii mahakamani."

MLANGO WA KUINGILIA ULINDWE

Hukumu ya makubaliano ina ukali wake, na haki inatutaka tuueleze. Mtu haruhusiwi kukata rufaa dhidi ya hukumu aliyoikubali mwenyewe. Inaweza kutenguliwa kwa sababu chache tu: udanganyifu, njama, kutoelewa mambo ya msingi, au kukiuka sheria na misingi ambayo mahakama imepewa kuilinda. Msimamo huo ni wa zamani katika sehemu hii ya Afrika. Mahakama ya Rufani ya Afrika ya Mashariki iliueleza mwaka 1952 katika shauri la Hirani na Kassam, na Mahakama ya Juu ya Uganda iliurudia mwaka 2008 katika shauri la ardhi lililomhusu Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Nchini Kenya nako majaji huendelea kuitaja kauli ile ile ya 1952.

Ikiwa mlango wa kutokea ni mwembamba kiasi hicho, basi mlango wa kuingilia sharti ulindwe. Hakimu anayeletewa makubaliano ya mume na mke asiharakishe kuyagonga muhuri kwa furaha ya kupunguza mafaili mezani. Na aulize: Je, mke huyu alijua thamani ya mali anayoiacha? Je, alitia sahihi kwa hiari, au alitia sahihi kwa sababu watoto walikuwa na njaa siku ile? Ibara ya 31 ya Katiba inawapa mume na mke haki sawa wakati wa ndoa na wakati wa kuvunjika kwake. Mwaka 2004 Mahakama ya Katiba ilibatilisha vifungu vya Sheria ya Talaka ya mwaka 1904 vilivyompa mume njia nyepesi na kumbebesha mke ushahidi mzito zaidi. Mwaka 2013 Mahakama ya Juu ilieleza kwamba mgawanyo wa mali za wanandoa hufuata mchango wa kila mmoja, na kwamba mchango usio wa fedha nao ni mchango. Mke aliyelima, akapika, akalea na kulinda nyumba wakati mume yuko kazini, haji mahakamani kuomba sadaka. Mapatano yanayomnyima kila kitu yafaa yatazamwe mara mbili.

Liko pia suala la lugha. Hati nyingi za mahakama zetu huandikwa kwa Kiingereza, na wengi wanaozitia sahihi hawaielewi lugha hiyo. Tunayo tangu enzi za ukoloni Sheria ya Kuwalinda Wasiojua Kusoma na Kuandika, inayomtaka anayemwandikia mtu wa namna hiyo aandike katika hati hiyo jina na anwani yake mwenyewe, kama uthibitisho kwamba ameandika kwa maelekezo ya mwenye hati na kwamba amemsomea na kumweleza. Ni sheria ndogo, lakini suluhu nyingi zingesalimika kama ingefuatwa. Mapatano yasomwe kwa Luganda, kwa Kiacholi, kwa Lugbara, kwa Kiswahili, au kwa lugha yoyote ambayo mwenye kuyatia sahihi huitumia kuomba maji.

Na watoto, je? Hao hawakai katika kiti cha mapatano, lakini wao ndio nyasi wanazoumia wapiganapo tembo. Katiba inasema kuwatunza watoto ni haki na wajibu wa wazazi. Sheria ya Watoto, iliyotungwa mwaka 1996 na kurekebishwa mwaka 2016, inaweka ustawi wa mtoto mbele ya kila jambo jingine. Kwa hiyo mama hawezi kuuza haki ya mtoto ya kutunzwa kwa kupewa kiwanja, wala baba hawezi kujinunulia uhuru kwa kulipa mara moja na kuondoka. Makubaliano yenye sharti la namna hiyo hayawezi kumfunga mtoto, na mahakama ina uwezo wa kuyabadilisha kadiri mahitaji yake yanavyobadilika.

AMRI IANDIKWE KAMA AMRI

Katika chuo cha makadeti tulifundishwa kwamba amri isiyosema nani, afanye nini, wapi, lini, na ampe nani taarifa akimaliza, si amri bali ni matumaini. Somo hilo lilinijia nilipoisoma karatasi ya yule mama. Msaada wa kutosha ni kiasi gani? Kila itakapowezekana ni lini? Mambo yatakuwa yametengemaa siku gani, na nani atakayetamka kwamba yametengemaa? Hata jaji mwenye huruma kuliko wote hawezi kuikaza karatasi kama hiyo, kwa sababu hakuna kinachokazika ndani yake. Hukumu isiyo na kiasi wala tarehe haimpi dalali wa mahakama pa kuanzia.

Tuichukue karatasi ile ile tuiandike upya. Tuseme, kwa mfano tu, baba atalipa shilingi 300,000 kila mwezi, kabla ya tarehe 5, kwa namba ya simu iliyotajwa ya mama. Karo italipwa moja kwa moja katika akaunti ya shule kabla ya wiki ya 2 ya kila muhula, na stakabadhi itapelekwa kwa mama. Mama na watoto watakaa katika nyumba iliyo katika kiwanja kilichotajwa kwa namba zake, mpaka mtoto wa mwisho atakapotimiza miaka 18. Miezi 2 ikipita bila malipo, malimbikizo yote yatadaiwa mara moja, na mama ataweza kuomba kukaza hukumu. Baba akihamishwa, atatoa taarifa ya anwani yake mpya katika siku 14. Akipoteza kazi au akiugua, ataiomba mahakama ibadilishe kiasi; hatanyamaza tu. Karatasi hiyo haizidi ukurasa 1. Tofauti yake na ile ya kwanza ni tofauti ya mkate na picha ya mkate.

Ardhi nayo ina masharti yake. Mwenye hati miliki na aandike namba za hati. Mwenye kibanja katika ardhi ya mailo na amtaje mwenye ardhi na majirani wa pande zote 4. Mwenye shamba la kimila na aeleze mipaka kwa miti, njia na vijito vinavyojulikana na wazee. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1998, kama ilivyorekebishwa mwaka 2004, inakataza kuuza ardhi ambayo familia inaishi juu yake na kupata riziki yake bila idhini ya mume au mke. Ulinzi huo ni mkubwa, ila wengi hukumbuka kuutumia wakati trekta la mnunuzi limekwisha kufika. Na pale mtu aliyeamriwa kuhamisha kiwanja anapokataa kutia sahihi, kanuni zinairuhusu mahakama kutia sahihi kwa niaba yake. Ukaidi wa kalamu, basi, hauwezi kuishinda hukumu iliyoandikwa sawasawa.

Katika mirathi hali ni hiyo hiyo. Marekebisho ya Sheria ya Urithi ya mwaka 2022 yanasema kwamba mtu akifa bila wosia, mume au mke aliyebaki atapata asilimia 20 ya mali, watoto asilimia 75, wategemezi wengine asilimia 4, na mrithi wa kimila asilimia 1. Familia nyingi hukaa baada ya msiba zikakubaliana juu ya mgawanyo, kumbukumbu zikaandikwa katika daftari la ukoo, kila mtu akarudi kwake. Mwaka mmoja baadaye daftari haionekani, na shamba limeuzwa na yule yule aliyekabidhiwa kulitunza. Makubaliano ya ukoo yafaa yaambatanishwe na maombi ya kusimamia mirathi, ili msimamizi awajibike kwayo mbele ya mahakama. Kikao cha wazee kitamwonya, nayo mahakama itamlazimisha.

MZIGO WA KUKAZA

Hata hivyo, hukumu nzuri iliyoandikwa vizuri bado inaweza kulala. Katika utaratibu wetu, anayetaka hukumu ikazwe ndiye anayeomba, ndiye anayelipa ada, ndiye anayetafuta mali ya mdaiwa na kumwonyesha dalali wa mahakama. Kwa kampuni inayodai mamilioni, mzigo huo unabebeka. Kwa mama anayedai kiasi kidogo kila mwezi, gharama ya kufuatilia inaweza kuzidi anachofuatilia. Deni la matunzo halianguki kwa kishindo kama mti; linadondoka tone kwa tone, na kila tone ni dogo mno kumpandisha mtu basi kwenda mahakamani. Mdaiwa mjanja anajua hesabu hiyo. Hulipa kidogo, akasimama, akalipa tena anaposikia tetesi za kushitakiwa.

Wapo wanaosema dawa ni jela. Kumfunga mdaiwa ni njia ambayo sheria za madai zimeijua tangu zamani, lakini baba aliye gerezani hapati mshahara, halimi wala hachuuzi. Njia hiyo yafaa iwe ya mwisho, kwa yule aliye nacho na anakificha. Kwa mwenye mshahara, kilicho bora ni kukatwa huko huko kazini kabla fedha hazijafika mfukoni. Kwa mkulima na mchuuzi, ambao ndio wengi, yafaa malipo yafuate majira yao: baada ya mavuno ya kahawa, baada ya mnada wa ng'ombe. Hukumu inayomtaka mkulima atoe fedha kila tarehe 5 wakati shamba linatoa mara 2 kwa mwaka imeandikwa ili ivunjwe.

Hapa ndipo taasisi zinapoingia, na mwandishi hawezi kulikwepa jeshi lake mwenyewe. Maisha ya askari ni ya kuhama. Tangu Machi 2007 wanajeshi wa Uganda wamekuwa wakipelekwa Somalia kwa zamu katika majeshi ya Umoja wa Afrika, mbali na wale wanaolinda mipaka ya nyumbani. Mama aliye kijijini hawezi kujua kikosi kiko wapi, na wala haitakiwi ajue. Lakini mahakama inajua jeshi liliko. Ibara ya 128 ya Katiba inaviamuru vyombo vyote vya dola kuzipa mahakama msaada unaohitajika ili kazi yao ifanikiwe. Jeshi ni chombo cha dola. Kwa hiyo kamanda anapoletewa ugomvi wa nyumba ya askari wake, yafaa asikilize, atulize, ashuhudie, kisha awaelekeze wahusika mahakamani. Asijifanye hakimu kwa muhuri wa kambi. Na amri ya mahakama inapofika, imfikie askari popote alipo, na jibu lirudi kwa msajili kwa tarehe. Nidhamu ya askari haiishi kwenye gwaride. Mwanajeshi anayetii amri ya kamanda wake na kuidharau amri ya mahakama hajafahamu bado anailinda nchi gani.

MAJIRANI ZETU

Yafaa pia tutupe macho kwa majirani, maana shida hii ni ya wote. Tanzania, kwa Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, iliweka kwamba kwa kawaida anayetaka talaka apitie kwanza Baraza la Usuluhishi, na aende mahakamani akiwa na hati ya baraza kwamba usuluhishi umeshindikana. Baraza hilo linapatanisha, haliamui. Kenya, kwa kufuata Katiba yake ya mwaka 2010, ilianzisha mwaka 2016 upatanishi unaosimamiwa na mahakama katika kitengo cha familia na kile cha biashara cha Mahakama Kuu, Milimani, Nairobi, na makubaliano yanayofikiwa huko hupokewa kama amri ya mahakama. Rwanda, kwa sheria yake ya mwaka 2016 juu ya abunzi, yaani wapatanishi wa vijijini, iliunganisha kazi ya wazee hao na mahakama ya ngazi ya chini, ambayo huutia uamuzi wao muhuri wa kuutekeleza. Kwa namna mbalimbali, fundisho ni lile lile: mpatanishi huleta amani, na mahakama huipa amani hiyo meno.

Wako watakaopinga kwamba kuzikaza suluhu ni kuiua roho ya suluhu. Watasema mambo ya nyumbani humalizwa na wazee, na kwamba mama anayempeleka baba watoto mahakamani amekata mzizi wa kurudiana. Hoja hiyo ina uzito, na hakuna anayetaka kila jungu lililovunjika lipelekwe kwa hakimu. Lakini tuwaulize: mtoto aliyerudishwa shule kwa kukosa karo, amani ya nani anailipia? Mapatano yasiyotendwa hujenga kinyongo kipya juu ya kile cha zamani, na mara nyingine kilichoanza kwa maneno huishia kwa panga. Anayenuia kutimiza ahadi yake hapotezi lolote ikiandikwa mahakamani. Anayeogopa kuiandika ametuonyesha nia yake.

Kwa maoni ya mwandishi, mambo 4 yanaweza kufanyika bila kungoja sheria mpya. Kwanza, kila mpatanishi, awe mwenyekiti, polisi, padre, sheikh au kamanda, awaeleze wenye shauri mpaka wa muhuri wake. Pili, mahakama ziandae mfano wa hati ya makubaliano wenye nafasi za kiasi, tarehe, mahali na hatua ya kuchukuliwa kwa asiyelipa, katika lugha zinazosemwa wilayani. Tatu, mahakama inapopokea suluhu ya matunzo ya watoto, ipange tarehe ya miezi 3 mbele ya kuuliza kama imetendwa, ili mzigo wa kufuatilia usimwangukie mama peke yake. Nne, waajiri wote wa serikali, jeshi likiwa la kwanza, wateue afisa wa kupokea amri hizo na kuzijibu.

Yule mama nilimweleza kwamba mihuri yake haikuwa ya bure. Ilikuwa ushahidi kwamba baba alikiri watoto na alikiri wajibu wake, na kukiri ni nusu ya kesi. Nilimwelekeza aipeleke katika Mahakama ya Familia na Watoto ya wilaya yake, apitie kwa afisa wa ustawi wa jamii ili asaidiwe kuandika maombi, na ataje kiasi na tarehe. Aliikunja karatasi yake, akairudisha ndani ya mfuko wa nailoni, akauliza basi la kwenda huko huondoka saa ngapi.